Kitu cha Dada Hakifutwi

"Limekataa, Baba."

Motekiai alikuwa amesimama mlangoni akijipangusa saruji mikononi. Alikuwa fundi wa matangi ya maji ya mvua, na kijijini Houma hapakuwa na tangi lililovuja ambalo hakuitwa kulitazama. Sebuleni, mwanawe Kepueli, kijana wa miaka kumi na sita, alikuwa amekaa mkekani na pedi ya gemu mapajani, akitazama runinga kama mtu aliyesomewa hukumu.

"Limekataa nini?"

"Gemu la raga. Nimetia sahani ya gemu niliyoazimwa na Filimone, mashine imeimeza vizuri, halafu inasema nafasi haitoshi. Inataka nifute kitu."

"Si ufute?"

Kepueli alisogeza kidole gumba, na picha zikapita kwenye kioo moja baada ya nyingine: gemu dogo la kuvua samaki, gemu dogo la karata, kisha moja kubwa lililojaza karibu tumbo zima la mashine. Lori jekundu, limesimama katikati ya theluji.

Motekiai akaacha kujipangusa. Lori lile lilikuwa la Latai.

Latai alikuwa binti yake wa kwanza, ana miaka kumi na minane. Tangu sauti ya Kepueli ianze kukwaruza, wawili hao hawakukaa tena pamoja mbele ya runinga, kama Motekiai mwenyewe asivyokaa chumba kimoja na dada yake hadi leo. Kepueli alilala kwenye kibanda cha wavulana nyuma ya tangi. Mashine waliicheza kwa zamu. Kitambaa cha maua kikitundikwa mlangoni, ni zamu ya Latai, na Kepueli hupita mbali akiimba kwa sauti ili ajulikane kuwa anapita. Kitambaa kikiondolewa, ni zamu yake. Hakuna aliyewaandikia sheria hiyo. Heshima si utumwa, na mtu asiyemheshimu dada yake atamheshimu nani?

"Muulize mama yako," Motekiai alisema mwishowe.

Lupe, mkewe, alikuwa jikoni akimenya magimbi. Alisikia kila neno.

"Niende nimwambie Latai?" akauliza kwa sauti ya chini. "Nikimwambia atalifuta sasa hivi. Unamjua."

"Ndiyo maana hutamwambia," Motekiai akasema. "Dada ukimwomba atakupa. Kwa hiyo huombi."

"Basi mtoto asicheze?"

"Mimi nimesema asicheze?"

"Hujasema kitu, Baba Latai. Umesimama tu unaniangushia saruji sakafuni."

Gemu la lori halikupatikana kirahisi. Kaka yake Lupe alipokuwa akifanya kazi hotelini mjini Nuku'alofa, aliichukua mashine chini ya kwapa akaiunganisha na mtandao wa wageni mpaka lori likaingia lote. Sasa alikuwa Australia akichuma matunda, na mtandao wa Houma ungelileta lori hilo gurudumu moja moja hadi Krismasi. Likifutwa, limefutwa.

Na kwa upande mwingine palikuwa na shindano. Jumamosi ya juma lililofuata, vijana wa vijiji wangekutana kwenye ukumbi mjini kucheza raga ya runinga, na Houma ilikuwa imemchagua Kepueli. Mashine ya Filimone, rafiki yake, ilikuwa imeungua umeme uliporudi kwa kishindo. Ndiyo sababu alimwazima sahani. Bila mashine ya nyumbani, Kepueli angekwenda mjini na vidole vilivyolala.

* * *

Jumatano jioni, Motekiai alikaa kwenye duara la kava, kinywaji cha mizizi, pamoja na wanaume wenzake. Bakuli lilizunguka mara mbili kabla mmoja wao hajaanza.

"Nasikia mwanao amejitoa."

"Amejitoa wapi?"

"Kwenye shindano. Filimone ndiye anayesema. Eti ameshindwa na lori."

Wanaume wakacheka. Hakikuwa kicheko cha ubaya, lakini kava haizibi masikio.

"Lori la msichana!" mwingine akaongeza. "Baba yake anabeba mifuko ya saruji miwili miwili, yeye lori moja limemlemea."

Motekiai alikunywa kifuu chake, akakirudisha. "Kuna lori ambalo ukilisukuma unaanguka wewe," akasema. Akaaga mapema.

Alimkuta Kepueli nyuma ya tangi, sahani ya Filimone ikiwa ndani ya mfuko wa plastiki tayari kurudishwa.

"Umejitoa?"

"Ndiyo, Baba."

"Uliambiwa na nani ujitoe?"

"Hakuna. Atakwenda mwingine."

"Filimone alisema nini?"

Kijana alitabasamu kidogo, tabasamu la mtu aliyegongwa mguu hataki kuchechemea. "Alisema nifute nikiwa nimefumba macho, nijifanye nimekosea."

"Nawe?"

"Nilimwambia afumbe yeye mdomo."

Motekiai alimtazama. Akauchukua mfuko wenye sahani, akautia ndani ya shati lake.

"Nenda kamwambie mwenye shindano umerudi," akasema. "Nafasi itapatikana. Mimi kazi yangu ni nini? Watu wakiniambia tangi halitoshi, nawaambia wamwage maji? Naongeza tangi."

* * *

Asubuhi Motekiai aliliuza dume la nguruwe alilokuwa akilinenepesha kwa siku yake mwenyewe ya kuzaliwa, akapanda gari la mizigo kwenda mjini. Usiku alikuwa amesoma karatasi iliyokuja na mashine, mstari kwa mstari, kwa miwani yenye kamba. Karatasi ilisema mashine inakubali diski ya nje, iunganishwe kwa waya nyuma, nayo itabeba gemu kama gemu lilivyo. Alijua anachokwenda kutafuta. Hata hivyo dukani kijana wa kaunta alimtazama kuanzia mkeka wa heshima aliofunga kiunoni hadi ndala zenye saruji.

"Mzee, flashi ziko kule. Za nyimbo za kanisa."

"Sitaki flashi. Nataka diski ya kubebea magemu."

"Magemu?" Kijana akageukia wenzake. "Jamani, mzee anacheza gemu!"

"Timu gani, mzee?" mmoja akadakia. "Usije ukavunja pedi!"

Motekiai alisubiri wamalize. Alikuwa na umri wa kujua kwamba anayekucheka hawezi kukuhudumia mpaka apumue.

"Mmemaliza? Haya. Nataka ile isiyopungua ukubwa huu," akaonyesha kidole kwenye karatasi yake, "na waya wake uwe wa ile aina ya kasi. Ukinipa ya polepole nitarudi nayo kesho, na kesho sitakuja peke yangu. Nitakuja na mke wangu."

Kijana alichukua karatasi, akaisoma, akaenda stoo. Aliporudi alikuwa anamwita "baba".

Diski ilikuwa kisanduku cheusi, kidogo kuliko sabuni ya kufulia. Motekiai alikipakata njia nzima kama yai.

Kazi ya kukiunganisha ilifanyika kabla ya chakula cha jioni, nayo ilikuwa na itifaki kuliko harusi. Kwanza Kepueli aliingia kwa mlango wa mbele, akachomeka waya, na mashine ikauliza kama ikisafishe kisanduku ili kiwe chake. Motekiai alisoma onyo kwa sauti, neno kwa neno, kwamba chochote kilichomo kitapotea.

"Kina kitu?"

"Kimetoka dukani, Baba. Kina hewa."

"Bonyeza."

Kisha Kepueli akatoka, kwa kuwa kulihamisha lori haikuwa kazi yake. Akaenda kusimama nyuma ya tangi. Lupe akaita, na Latai akaingia kwa mlango wa jikoni, kitambaa cha maua kikatundikwa.

"Nifanye nini, Baba?" Latai akauliza. Alikuwa binti mrefu, mwenye vidole vya haraka kuliko vya mdogo wake, ingawa hilo halikusemwa.

"Lihamishe lori lako. Lihamie kwenye nyumba mpya."

Alitazama kisanduku chenye taa ndogo ya buluu, kisha akamtazama baba yake. Hakuwa mjinga. Alijua sasa kwa nini mdogo wake hakudai zamu yake juma zima, wala kupita akiimba, na dume la nguruwe lilikwenda wapi.

"Mngeniambia tu," alisema polepole.

"Tungekwambia, ungelifuta."

"Ningelifuta."

"Basi. Endesha."

Mstari mweupe ulitambaa kwenye kioo, ukafika mwisho. Lori likawa limehamia nje, na ndani ya mashine pakawa na uwanja. Latai akatoka kwa mlango wa jikoni, Kepueli akaingia kwa ule wa mbele, na baba yao akabaki katikati kama askari wa barabarani. Sahani ya Filimone ikaingia. Kabla magimbi hayajaiva, vijana wadogo kumi na watano wenye jezi nyekundu walikuwa wakipasiana mpira kwenye runinga ya Motekiai, na Lupe jikoni alipiga makofi bila kujua ni nani aliyefunga.

* * *

Jumamosi mbwa walibweka, na Meleane akaingia bila kubisha. Habishi hodi shangazi kwenye nyumba ya mdogo wake. Alikuwa dada mkubwa wa Motekiai, mjane, mwanamke mpana mwenye sauti ya kuita ng'ambo ya barabara, anayeuza viazi vikuu sokoni. Kwa desturi yao, shangazi ana haki juu ya watoto wa kaka yake na vitu vyao. Akisifia mkeka, mkeka unakunjwa. Akishika kuku, kuku ni wake. Motekiai aliposikia sauti yake alitoka nje kwa mlango wa pili, akabaki barazani, kama alivyofanya tangu utotoni.

"Lupe, mmenenepa! Na hiki nini kinachokonyeza jicho la buluu?"

"Diski, wifi. Ya kutunzia magemu."

"Inatunza na filamu?"

Lupe hakuwahi kumdanganya wifi yake. "Nasikia inatunza kila kitu."

"Hee! Mungu hamtupi mja wake. Yule jirani yangu ana filamu za Wafilipino, zile ndefu, mtu analia mpaka sehemu ya tisini. Ameniambia, Meleane, tafuta pa kuzitia, nitapasafisha kwanza, nikutilie zote. Nami ninatafuta pa kuzitia tangu Pasaka!" Alikwishachomoa waya. "Hiki kinanifaa. Jumatatu atanitilia."

Latai alikuwa kwenye kamba ya nguo, ameshika shuka kwa pembe mbili. Alisikia. Alikunja shuka likawa dogo, akalikunja tena ingawa halikuhitaji, kisha akasema kwa uchangamfu, "Shangazi, usisahau waya wake mwingine, uko nyuma ya runinga."

"Mtoto mwenye adabu huyu," Meleane akasema, akaondoka na kisanduku ndani ya kikapu, juu ya viazi.

Kepueli alirudi kutoka shambani saa za mchana, Filimone nyuma yake. Alitazama nyuma ya mashine, akaona tundu tupu. Mama yake alimweleza kwa maneno machache.

"Sasa umenunia nini?" Filimone akasema walipofika nje. "La kwako limo ndani ya mashine. Raga iko salama. Kilichokwenda ni lori."

"Jumatatu jirani atasafisha."

"Na asafishe! Umefuta wewe? Amechukua shangazi. Shangazi ni shangazi. Mikono yako misafi, kaka."

Motekiai aliyasikia hayo akiwa anachanganya saruji kando ya tangi. Alisimamisha koleo. Alitaka sana kujua mwanawe atajibu nini, na aliogopa kujua. Maana maneno ya Filimone yalikuwa ya kweli, yote. Hakuna mtu Houma ambaye angemlaumu kijana.

Kepueli alimwacha amesimama. Aliingia ndani, na sauti ya raga haikusikika mchana ule.

* * *

Jumapili hakuna runinga, hakuna duka, hakuna shamba. Baada ya kanisa tanuri la chini ya ardhi lilifunuliwa, na kama kila Jumapili chakula cha kwanza kilitengwa kwa ajili ya shangazi: kiazi kikuu kizima, na nyama iliyofungwa kwa majani ya magimbi na tui la nazi. Kukipeleka ilikuwa kazi ya Kepueli. Alitoka akiwa amevaa mkeka wake wa kiunoni, kikapu mkono wa kulia, na chini ya kwapa la kushoto kitu kilichofungwa kwa kitambaa cha mezani.

"Umebeba nini?" Lupe akauliza.

"Cha shangazi, Mama."

Lupe aliona pembe nyeusi ya mashine ikichungulia. Akamgeukia mumewe. Motekiai alitikisa kichwa: mwache. Kisha akavaa ndala, akamfuata mwanawe kwa hatua za mbali.

Nyumbani kwa Meleane, Motekiai hakuingia. Alikaa chini ya ukingo wa paa, kando ya dirisha la vipande vya vioo, mgongo ukutani. Kutoka pale alisikia mwanawe akikaa chini, miguu imekunjwa.

"Mbona leo mizigo miwili?" Meleane alisema. "Mmechinja nguruwe?"

"Hapana, Shangazi. Hiki ni chakula. Na hii ni mashine ya gemu."

"Nimekuomba mashine mimi?"

"Hukuomba. Nakupa."

"Niifanyie nini? Niikalie?"

"Ina nafasi, Shangazi. Jirani anaweza kuitumia, au uiuze. Ina thamani kuliko kile kisanduku." Sauti yake ilikwaruza, akakohoa. "Naomba… si kuomba. Nasema tu. Kile kisanduku kina kitu cha dada yangu. Kikisafishwa kitapotea, na hakirudi."

Nje Motekiai alisikia nzi, na nyimbo za kanisa la jirani.

"Latai alikutuma?"

"Hajui nimekuja."

"Na chako wewe, cha huko mashindanoni, kiko wapi?"

"Kimo humu ndani ya mashine."

"Kwa hiyo chako hakikuwa na shida yoyote."

"Hakikuwa, Shangazi."

"Na umenibebea."

"Ndiyo."

Kiti kililia. Meleane aliinuka, hatua zake nzito zikaja hadi dirishani, naye akasema bila kuchungulia, kwa sababu dada hamchungulii kaka yake:

"Mote! Najua uko hapo. Nakusikia unavyopumua kama ng'ombe."

"Niko, Dada."

"Wewe ndiwe uliyemfundisha huyu?"

Motekiai alifikiri. Alitaka kusema ndiyo. "Sikumwambia kitu," akajibu. "Amejisomea."

"Amejisomea," Meleane akarudia. "Ulikuwa na miaka tisa. Mvua ilinyesha, nami nilikuwa ndani nasuka nywele, wewe ukakaa nje chini ya mkokoteni mpaka nilipomaliza. Ukaugua kifua. Mama alinichapa mimi." Akacheka kwa puani. "Nina haki ya kuchukua cha mtoto wa kaka yangu. Ni haki yangu na siiachi, asije mtu akasema Meleane amezeeka. Lakini mimi pia ni dada wa mtu. Mtu akifuta cha dada, afute na changu."

Motekiai alisikia mlango wa kabati, kisha waya ukikwaruza meza.

"Shika. Na hilo dude lako rudi nalo kwenu, linanitisha."

"Asante, Shangazi."

"Usinishukuru, sijamaliza. Shangazi hatoki mkono mtupu. Chochote utakachopewa huko mjini Jumamosi, ni changu. Wakikupa kombe, changu. Wakikupa soda, unywe nusu, nusu uniletee."

"Na nikishindwa?"

"Utaniletea sababu. Na iwe nzuri."

Kijana alitoka na mashine kwapani na kisanduku mkononi. Alimkuta baba yake amesimama, akijifanya anakagua ufa kwenye tangi la dada yake. Barabarani Motekiai aliichukua mashine akaibeba yeye, mchana kweupe, siku ya Jumapili, mbele ya watu wote waliokuwa wakitoka kanisani. Mmoja wa wale wa kava alimwita, "Mzee, hiyo nini?"

"Mzigo wa mwanangu," akajibu, na hakupunguza mwendo.

* * *

Houma haikulipata kombe. Kepueli alishinda mara tatu, akafungwa mchezo wa nne na kijana wa kijiji cha Kolovai mwenye vidole kama cherehani, akawa wa tatu. Wa tatu hupewa fulana. Ilikuwa ya rangi ya chungwa kali, imechorwa mpira wa raga kifuani na umeme ukitoka pande zote mbili.

Jumatatu Motekiai alipitia sokoni juu ya gari la mizigo, ameketi kwenye mifuko ya saruji. Katikati ya viazi vikuu, rangi ya chungwa ilimpiga jicho. Fulana ile ilikuwa imekatwa mbavuni kwa mkasi ili ienee, mkeka wa kiunoni ukafungwa juu yake kwa heshima zote. Mteja mmoja alikuwa akicheka.

"Mama, nawe unacheza gemu?"

"Kucheza nini?" Meleane alijibu, akipima kiazi kwa mkono. "Wanacheza watoto. Mimi ndiye mwenye timu."

Jioni Motekiai alirudi nyumbani. Kitambaa cha maua kilikuwa mlangoni. Ndani, injini ya lori ilikuwa inanguruma ikipandisha mlima wa theluji, na taa ndogo ya buluu ilimulika ukutani. Nje, Kepueli alikuwa amekaa juu ya tangi, mgongo kaupa mlango, akisubiri zamu yake na kutafuna muwa. Baba yake alipanda, akakaa kando yake. Kijana alivunja muwa, akampa kipande kirefu.

"Amefika wapi?" Motekiai akauliza.

"Sijui, Baba. Sijamuuliza." Kepueli akatega sikio. "Lakini amebadilisha gia vizuri."